Kujaza na kutumia Limit katika Final Fantasy VII: mwongozo kamili kwa anayeanza

Usiku mmoja baada ya futari mpwa wangu alinijia na padi mkononi. "Mjomba, Attack imepotea. Sasa n'tapigana na nini?"

Pale palipokuwa na neno Attack, amri ya kupiga, palikuwa na neno Limit, nguvu maalumu ya mpiganaji, linametameta. Kabla sijafungua kinywa alikuwa keshabonyeza. Cloud, shujaa wa gemu, akaruka juu, akamshukia kwa upanga askari aliyekuwa amebakiwa na uhai wa pumzi moja. Kishindo kilikuwa kizuri, lakini hasara ilikuwa tupu, kwani dakika chache mbele alikuwa akingojwa na Guard Scorpion, bosi wa kwanza wa gemu, na alimfikia mstari wake wa Limit ukiwa mtupu.

Kosa hilo nalijua vyema. Nilipoanza kuicheza gemu hii katika kibanda kimoja cha Kibokoni, Mombasa, tukilipa kwa saa na kuazimana memori kadi, nililifanya miezi na miezi. Maelezo yote yalikuwa ya Kiingereza na hakuna aliyekuwa na subira ya kuyasoma huku saa yake inakwenda. Nilidhani Limit ni kama mvua ya vuli, hunyesha ikitaka. Kumbe ni akiba, na mwenye kuiweka ni mchezaji mwenyewe: ndiye anayechagua nani apigwe, apigwe kiasi gani, na malipo ya vipigo hivyo yatoke siku gani. Ukishalielewa hilo, gemu nzima hubadilika.

Ninayoyaeleza hapa ni ya Final Fantasy VII ya asili, iliyotolewa na Square mwaka 1997 kwa PlayStation ikiwa na diski tatu. Ndiyo hiyohiyo iliyopo leo kwenye PS4, Switch, na simu za Android na iPhone. Ile iliyoundwa upya mwaka 2020 ina mfumo wake wa vita, usiichanganye na hii.

Mstari hujazwa na nini

Kila mpiganaji ana mstari mdogo wa Limit karibu na HP yake, yaani uhai wake. Mstari huo hujaa pale adui anapomuumiza. Haujazwi na kushambulia, wala na kukaa tu ukingoja, wala rafiki yako akikupiga kwa kukosea hupati kitu. Haba na haba hujaza kibaba, ila hapa kibaba hujazwa kwa vipigo vya adui peke yake.

Jambo la kushika ni kwamba gemu haihesabu ukubwa wa kipigo chenyewe, inahesabu kipigo ukikilinganisha na HP ya juu kabisa ya mpiganaji. Cloud mwenye HP 300 akipigwa 60, amepoteza sehemu moja ya tano ya uhai wake, na mstari unaruka. Cloud huyohuyo akiwa na HP 3,000 akapigwa 60 ileile, ni sehemu moja ya hamsini, na mstari hautikisiki. Ndiyo maana watu hulalamika kwamba Limit "imekuwa nzito" wakirudi maeneo ya mwanzo kujaza. Uzito haujaongezeka, wao ndio wamekuwa wakubwa mno kwa maadui wa pale.

Kuna sababu ya pili ya uzito. Limit zina viwango vinne, na kadiri kiwango ulichokiweka kilivyo cha juu, ndivyo mstari unavyohitaji maumivu mengi zaidi kujaa. Kwa hiyo kiwango cha tatu si lazima kiwe bora kuliko cha kwanza kila siku. Katika vita vifupi, Limit ndogo inayojaa mara mbili huweza kukufaa kuliko kubwa inayokaribia kujaa vita vinapoisha.

Mstari hauanzi upya kila vita. Uliouacha nusu utaukuta nusu, na uliojaa utaukuta umejaa, hata ukisevu ukalala ukarudi kesho. Hapa ndipo akiba inapozaliwa.

Hatua ya kwanza: chagua wa kupigwa

Wengi huwaacha maadui wachague wenyewe wa kumpiga. Usikubali. Kwenye menyu, chini ya Order, unaweza kumweka mpiganaji safu ya mbele au ya nyuma. Wa nyuma hupata nusu ya maumivu ya vipigo vya mkono, basi na Limit yake hujaa kwa mwendo wa kobe. Unayetaka ajae mweke mbele. Unayetaka aishi, hasa mganga wako, mrudishe nyuma.

Kisha kuna Materia, yaani jiwe la kumpa mpiganaji uwezo, inayoitwa Cover. Iko mapema sana, kwenye bustani ya maua nyumbani kwa Aerith, mmoja wa wapiganaji wako, Sekta ya 5, na watu huipita kila siku kwa kuwa wanaharakia hadithi. Aliyeivaa huruka mbele ya mwenzake anayepigwa na kukipokea kile kipigo yeye. Ikiwa changa hufanya hivyo mara 20 katika 100. Ikikua hupanda 40, 60, 80, mpaka 100. Mvike Cloud na utaona: vipigo vilivyokuwa vikigawanywa kwa watu watatu vinamjia yeye, na wengine wanabaki wazima. Binafsi sijui Materia nyingine ya mwanzo wa gemu yenye faida kama hii. Kumbuka tu kwamba Cover hukinga kipigo cha mkono kinachomlenga mtu mmoja. Uchawi haiukingi.

Ukitaka kuongeza kasi, tazama pia Materia za uchawi. Nyingi hupunguza HP ya anayezivaa, na HP ikipungua kila kipigo huwa kikubwa zaidi kwa hesabu ya mstari. HP Plus hufanya kinyume chake. Hii ni hila ya kuitumia kwa kiasi. Mpiganaji mwenye Limit iliyojaa akiwa chini kafa hana faida kwa mtu.

Hatua ya pili: hasira na huzuni

Hapa ndipo penye siri ambayo kibanda chetu kizima hakikuijua. Kuna dawa mbili, Hyper na Tranquilizer, na sisi tulikuwa tukiziuza ili tupate gil, pesa za humo.

Hyper humtia mpiganaji hali ya Fury, yaani hasira. Mstari wake hugeuka mwekundu na kujaa kwa kasi mara mbili. Gharama yake ni kwamba shabaha huharibika na mapigo yake ya kawaida hukosa mara nyingi zaidi. Tranquilizer humtia Sadness, huzuni: mstari huwa wa buluu, maumivu anayopata hupungua kwa asilimia 30, lakini Limit hujaa kwa nusu ya kasi. Dawa moja ni tiba ya nyingine. Ukimpa Hyper mwenye huzuni atarudi kawaida tu, hatakuwa na hasira. Itabidi umpe ya pili.

Uzuri wake ni kwamba hali hizi haziondoki vita vikiisha. Unampa mara moja kupitia menyu, nje ya vita, na anabaki nayo mpaka uiondoe. Kwa hiyo mpangilio wangu wa kawaida ni huu: Cloud mbele, Fury, Cover. Mganga nyuma, na kama bosi ni mkali, Sadness. Wa tatu hubaki kawaida. Kukosa kwa Cloud hakunisumbui, maana kazi yake katika mpangilio huu ni kupokea, na kazi ya kupiga ataifanya kwa Limit.

Bosi anayepatikana kwa mapigo ya kawaida tu, bila kungoja Limit, msimamie bila Fury. Kukosa mara tatu mfululizo mbele ya bosi kunachosha moyo.

Hatua ya tatu: jaza kabla ya mlango

Ukiona mahali pa kusevu mbele ya mlango mkubwa, jua nyuma yake kuna bosi. Usiingie. Rudi hatua chache, tembea mpaka vita vije, na ufanye hivi.

Ua maadui wote isipokuwa mmoja, yule dhaifu. Muache akupige. Wewe tumia zamu zako kwa Cure, uchawi wa kuponya, au kwa kumwibia vitu. Usitumie Defend, kwani inapunguza maumivu na unataka maumivu. Kuponywa hakupunguzi mstari hata chembe, kwa hiyo mzunguko wa kupigwa na kuponywa ni halali kabisa. Wawili wakishajaa, au wote watatu ukiwa na subira, maliza adui, rudi usevu, halafu ndipo uingie. Vita vya bosi vikianza unafyatua Limit tatu kabla hajajua umeingia mlango gani.

Inachukua dakika kumi hivi. Kwenye simu mimi huzifanya nikingoja feri ya Likoni, na upande wa pili nafika nimeshajaza. Ukiwa nyumbani na stima haina uhakika, sevu baada ya kila anayejaa, usingoje watatu.

Wapo mabosi wanaokujazia wenyewe. Aps, yule wa kwenye mitaro ya maji machafu chini ya Wall Market, hutuma wimbi linalowapiga wote watatu kwa pamoja, na wimbi moja huinua mistari mitatu. Kwa huyo sijisumbui kujaza kwanza. Napokea wimbi, naponya, namchoma kwa Fire ambayo ndiyo udhaifu wake, na Limit zinakuja zenyewe katikati ya vita.

Guard Scorpion yeye ana mtego. Akiinua mkia, Cloud anasema maneno yanayosomeka kama amri ya kushambulia, na kisanduku kinachofuata ndicho kinachoeleza kwamba atajibu kwa miale. Pigo lako lolote wakati huo, Limit ikiwemo, hurudishiwa mwali kwa kundi zima. Mkia ukiwa juu, tulia, ponya. Ukishuka, fyatua.

Hatua ya nne: kushika bila kufyatua

Sasa tunarudi kwa swali la mpwa wangu. Mstari ukijaa, Attack huondoka na Limit hukaa mahali pake, na huwezi kulirudisha bila kuitumia. Gemu inakusukuma ufyatue. Usikubali kusukumwa kama adui hastahili.

Una njia tatu za kuendelea kupigana ukiwa umeshika. Ya kwanza ni uchawi na vitu, na hiyo haihitaji maelezo. Ya pili ni kuwaachia wenzake wapige, aliyejaa asaidie kuponya. Ya tatu ndiyo ninayoipenda: Materia ya Deathblow, inayopatikana kwenye msitu wa Gongaga. Deathblow ni amri yake yenyewe kwenye menyu ya vita, haiondoki Attack ikiondoka, kwa hiyo Cloud anaendelea kupiga kwa upanga huku Limit yake imelala kama mkuki nyuma ya mlango. Hukosa mara nyingi kuliko pigo la kawaida, lakini ikipata huwa ni pigo zito.

Na onyo moja kubwa. Ukibadilisha kiwango cha Limit kwenye menyu, mstari wote unarudi sifuri. Gemu inakuuliza kwanza, lakini mtu mwenye haraka hubonyeza ndiyo bila kusoma. Amua kiwango kabla ya kuanza kujaza.

Hatua ya tano: kufungua mpya

Limit hazifunguki kwa kupanda levo. Kuna milango miwili, na kila mmoja una ufunguo wake.

Limit ya kwanza ya kiwango kipya hufunguka kwa idadi ya maadui aliowaua mpiganaji huyo kwa mkono wake, yaani aliyetoa pigo la mwisho. Cloud anahitaji 120 kufika kiwango cha pili, na 80 zaidi kufika cha tatu. Tifa ni 96 na 96, Barret na Aerith ni 80 na 80, Red XIII 72 na 72, Yuffie 64 na 64. Limit ya pili ya kiwango hufunguka kwa kuitumia ile ya kwanza mara kadhaa: Cloud atumie Braver mara 8 apate Cross-slash, Blade Beam mara 7 apate Climhazzard, Meteorain mara 6 apate Finishing Touch.

Tazama jinsi milango hii miwili inavyogombana. Mmoja unataka uue wengi upesi, mwingine unataka upigwe pole pole ufyatue mara nyingi. Ukivifanya vyote viwili kwa pamoja utachoka. Mimi hutenga. Siku ya kuua naunganisha Materia ya All na uchawi kama Fire au Bolt kwa mtu mmoja, anayeua kundi zima kwa zamu moja, na kila aliyeanguka anahesabiwa kwake. Siku ya kufyatua namtia Fury, namshusha kiwango ninachotaka, na nafyatua kwa yeyote aliye mbele yangu bila kuhesabu thamani. Hapo tu ndipo ninaporuhusu Limit impate adui mdogo.

Wawili wako nje ya utaratibu huu. Vincent ana Limit moja kwa kila kiwango, na akiifyatua hugeuka kiumbe ambacho huwezi kukiamuru tena mpaka vita viishe. Usimfyatue ukiwa unategemea uponyaji wake. Cait Sith ana mbili tu, Dice na Slots, na zote ni za kubahatisha.

Nani afyatue lini

Limit za Cloud zinaonekana kama ngazi, kila ya juu ikiwa bora, lakini sivyo ninavyozitumia. Cross-slash humfanya adui ashindwe kusogea, na kwa adui asiye bosi hiyo ni zaidi ya maumivu yenyewe. Blade Beam humpata mmoja kisha hutawanyika kwa wengine, basi ni ya kundi. Climhazzard ni ya mmoja mkubwa. Meteorain ina mapigo sita yanayochagua yenyewe pa kuanguka, kwa hiyo kwa bosi aliye peke yake yote sita humwangukia yeye, na kwa kundi hutawanyika. Finishing Touch huwafagia maadui wa kawaida, na kwa bosi huwa pigo la kawaida la Limit.

Tifa ana jambo lake. Kila Limit aliyoifungua huongezeka juu ya zile za awali, akipiga mfululizo, na kila moja ina gurudumu la kusimamisha: Yeah! ni pigo lenye nguvu zaidi, Hit ni pigo la kawaida, Miss ni hewa. Kwa hiyo Tifa hana haja ya kushuka kiwango. Zoezi la kidole ndilo linalomfanya kuwa hatari, na mpwa wangu, ambaye kidole chake ni chepesi kuliko changu, humtegemea yeye kuliko Cloud.

Aerith ndiye wachezaji wengi wanaomdharau, na ndiye ninayetaka umpe moyo wako. Healing Wind yake hurudisha nusu ya HP ya juu ya kundi zima, bila kula MP, nguvu za uchawi, hata moja. Mbele ya bosi mwenye pigo la watu wote, Limit yake iliyoshikwa ni sawa na uhai wa pili. Usiifyatue wote wakiwa wazima. Na Fury Brand, anayoipata baada ya kutumia Breath of the Earth mara 6, hujaza papo hapo mistari ya wenzake wawili. Fikiria: Aerith kajaa, Cloud na Tifa wametoka kufyatua, unafyatua Fury Brand na wawili wale wanafyatua tena. Anatoka kwenye kundi mwishoni mwa diski ya kwanza, kwa hiyo usimwekee akiba ya baadaye. Alichonacho kitumie sasa.

Kiwango cha nne

Hiki hakifunguki kwa kuua. Kila mmoja, isipokuwa Cait Sith, ana kitabu chake kilichofichwa mahali, na hawezi kukitumia mpaka zile za viwango vitatu vya mwanzo azijue zote.

Cha Cloud, Omnislash, chenye mapigo 15, kinanunuliwa kwa pointi za Battle Square, uwanja wa mapigano ulio ndani ya Gold Saucer, bustani ya burudani. Kwenye diski ya kwanza ni pointi 51,200, kwenye ya pili hushuka mpaka 32,000. Pointi hupotea ukitoka Battle Square, kwa hiyo ni lazima uzikusanye kwa kikao kimoja. Ushauri wangu ni kungoja diski ya pili. Anayeipata kwenye ya kwanza amefanya kazi kubwa, lakini maadui wa wakati ule hawana haja ya silaha hiyo.

Cha Tifa kiko Nibelheim, kwenye piano chumbani kwake, baada ya Cloud kurudi kuongoza kundi katika diski ya pili. Uwe na Tifa kundini, kaa kwenye piano, na kwa padi ya PlayStation bonyeza: X, mraba, pembetatu, L1 pamoja na pembetatu, L1 pamoja na mraba, X, mraba, pembetatu, L1 pamoja na X, duara, X, mraba, X. Andika kwenye karatasi kwanza. Ukikosea inuka uanze upya.

Kwenye PS4 kuna kitufe cha R3 kinachokupa HP, MP na Limit iliyojaa muda wote. Kwa anayetaka hadithi tu hakina ubaya. Lakini ukikibonyeza, yote uliyoyasoma hapa hayana kazi tena, na yule Aerith mwenye Limit iliyoshikwa, akingoja zamu moja tu ya kuwaokoa wenzake, hutamjua.